Kwa nini dokumentari za wahudumu na madada wa kazi zinatuonyesha machozi ila hazituonyeshi mshahara?

#1 BintiMakole

Wakuu habari za jioni. Hii mada imenikaa kifuani muda sasa, naileta tuijadili.

Napenda sana kuangalia dokumentari za wanawake wanaofanya kazi za kipato cha chini, wahudumu wa baa, madada wa kazi, wafagia barabara, mama ntilie, za kwetu na za nje, za kwenye tv na za Yutubu. Karibu zote zinapita njia moja. Inaanza alfajiri, mwanamke anawasha jiko la mkaa, kamera inashuka kwenye mikono iliyochubuka na sabuni, kinanda cha huzuni kinaingia, anaulizwa kuhusu wanae, analia, kamera inamfuata usoni akiwa analia hivyohivyo. Mwisho anasema angepata mtaji angefungua saluni. Imeisha. Muda wote huo hatujaambiwa analipwa shilingi ngapi, analipwa tarehe ngapi, ana mkataba au hana, na anayemlipa hatumuoni hata kivuli.

Hapa Dodoma tangu serikali ihamie kila kona kuna lodge mpya, baa mpya, ofisi mpya Mtumba, na kila jengo lina wanawake wanaodeki kabla jua halijatoka. Hawa watu nawapenda na nawaheshimu, ndo maana inaniuma wakitengenezewa filamu ya kuwaonea huruma tu. Kwa nini inakua hivi? Tiririkeni.

#2 fundi_kamera_dom

Dada umegusa penyewe, nakujibu kama mtu ambaye hiyo kamera naishika mimi.

Kazi nyingi tunazopiga hapa kanda ya kati ni za mashirika. Shirika likiandika proposo ya kuomba hela lishaandika na mwanamke atakuaje, kwamba ni mhanga, hajasoma, ana watoto, mradi utamuokoa. Sisi tunaenda kumtafuta anayefanana na proposo. Nishawahi kukutana na mama anauza chakula Majengo sokoni, mcheshi, anajua hesabu kuliko mimi, anakupa mchanganuo wa gunia la mchele mpaka sahani ya mwisho. Muongozaji akasema hapana, huyu ana raha sana, tafuta mwingine. Na tunapewa siku chache, kwa hiyo hatukai na mtu tukamjua.

La pili ni kwamba mwenye baa au mwenye hoteli hataki kamera kwake. Tukikataliwa kazini tunamfuata mwanamke kwake, na kwake unakuta nini zaidi ya jiko na watoto? Ndo hiyo filamu unayoiona.

#3 Mzee wa Sabasaba

Fundi kumbe nyie ndo mnaoliza wake zetu sebuleni usiku halafu chakula kinaungua jikoni 😂

#4 Salome_K

Mi nimehudumu baa Area C miaka kadhaa kabla sijaanza biashara yangu so naomba nizungumze kwa urefu mnivumilie.

Mnachokiita mshahara pale mara nyingi ni mahesabu ya kukatwa. Chupa ikivunjika unakatwa, mteja akikimbia bili unakatwa, ukipata shoti kaunta unakatwa, sare unakatwa, ukiugua siku uliyokosa inakatwa, mwisho wa mwezi unaitwa unaonyeshwa daftari lina jina lako na mistari, unapewa kilichobaki na bado unatakiwa ushukuru. Unaishi kwa tipu na chenji ya wateja. Sasa hiyo ndo stori yenyewe, lile daftari! Mtu mwenye kamera angeomba aone lile daftari tu, akaliweka mezani akalipiga ukurasa kwa ukurasa, kila mtu Tanzania nzima angeelewa bila kinanda.

Ila waliokuja pale na kamera waliuliza mnasumbuliwa na wateja? mnaguswa guswa? ni kweli mnajiuza? Mwenzetu mmoja akajibu anayetusumbua zaidi ni daftari, wakacheka, wakaendelea na maswali yao. Kwenye ile video iliyotoka yule dada yupo, kapigwa miguu na sketi. Jibu lake halimo.

Nasema hivi na sio kwamba kushikwa shikwa hakupo, kupo na kunaumiza sana. Ila ni rahisi kumuonyesha mlevi mmoja mbaya kuliko kumuonyesha bosi aliyevaa vizuri anakata elfu tano tano.

#5 Kijana wa Nkuhungu

Post #4 aiseeee. Asante dada.

#6 mwenye_kaunta

Naona tunasemwa. Mimi naendesha baa, sio kubwa, na nalipa watu wangu. Hiyo habari ya daftari ipo lakini semeni na upande wa pili, kodi ya pango, leseni, umeme, vinywaji vimepanda, bunge la bajeti likiisha mwezi wa sita mji unapoa na wahudumu ni walewale wanataka kulipwa uleule. Mtu wa kamera akija kwangu nitamruhusu vipi wakati najua ataniweka niwe shetani wa filamu? Aje akae tufanye hesabu wote, mauzo na matumizi, hapo nitafungua mlango. Hawaji hivyo, wanakuja na maikrofoni kama polisi.

#7 Salome_K

@mwenye_kaunta shem sijakutaja wewe. Ila hesabu ya mauzo ikipungua wa kwanza kubebeshwa ni nani? Umeme ukipanda hukati kwa mwenye nyumba, unakata kwa mhudumu.

#8 mwenye_kaunta

Mwenye nyumba simkati kwa sababu ananifungia mlango kesho yake. Nimeongea ukweli.

#9 Mchunguzi_UDOM

Salaam wakuu. Nisogeze kidogo nje ya nchi halafu turudi.

Kuna filamu ya Uingereza inaitwa Nightcleaners, ya 1975, ilitengenezwa na kundi la Berwick Street Film Collective, inahusu wanawake wa London waliokua wanasafisha maofisi usiku. Ilianza kama filamu ya kampeni, wanaharakati walitaka wale wasafishaji wajiunge na chama cha wafanyakazi, na mmoja wa waliokua mbele ni May Hobbs, mwenyewe msafishaji. Sasa watengenezaji walipofika kwenye kuhariri hawakumaliza kwa njia ya kawaida. Waliweka vipande vyeusi vitupu katikati ya picha, skrini inakua nyeusi kabisa, unakaa unasubiri. Sura za wanawake wamezipunguza mwendo. Kinanda cha kukuambia lia hapa hakuna.

Na ndani unawasikia wasimamizi na wenye kampuni za usafi wakijieleza kwa midomo yao, maana tatizo kubwa lilikua mfumo wa kandarasi. Mwenye jengo anatoa kazi kwa kampuni, kampuni inashusha bei ili ipate tenda, bei inashuka mpaka inamkuta mwanamke mwenye ndoo. Mtu wa Dodoma akiiangalia atajua anaangalia kitu anachokijua. Kwa hiyo BintiMakole jibu langu ni kwamba inawezekana, ila inahitaji mtu asiyeharakia kukuliza.

#10 Mzee wa Sabasaba

Skrini nyeusi tena? Huku kwetu tungedhani umeme umekatika tukatoka nje kuuliza majirani 😂 Ila endelea mwanangu, nakusoma.

#11 fundi_kamera_dom

@Mchunguzi_UDOM mkuu ni nzuri lakini wale wasafishaji wenyewe waliielewa? Nimewahi kusoma kwamba ilipotoka iligawa watu, waliotaka kitu cha kuwahamasisha wasafishaji waliona kama wamepewa filamu ya wasomi. Mimi nikimpelekea mama wa Majengo kitu cha vipande vyeusi atanirudishia flashi yangu. Kuna kuheshimu mtu kwa kutomliza na kuna kumfungia nje ya filamu yake mwenyewe.

#12 Ng'wanza_Mgeni

Mimi ni wa Mwanza nipo Dodoma kikazi. Mmesahau ile ya sangara, Darwin's Nightmare, ya yule Mfaransa. Kule wanawake waliokua wanakaa na marubani wa ndege za mizigo ndo walibebeshwa filamu nzima, na wale wa mapanki, mifupa ya sangara inayobaki kiwandani. Nchi ilichafuka.

#13 Mtunza_kumbukumbu

@Ng'wanza_Mgeni rekebisho dogo. Hubert Sauper ni wa Austria, Ufaransa ndiko alikokua anafanyia kazi. Filamu ni ya 2004, na mwaka 2006 rais Kikwete aliisema hadharani, kukawa na maandamano Mwanza ya kuipinga. Ilishachaguliwa kugombea Oscar.

Ila nakuunga mkono kwenye hoja. Yule dada Eliza anaimba wimbo wa kuipenda Tanzania mbele ya kamera, halafu anauawa kabla filamu haijaisha. Serikali ilibishana kuhusu silaha na ndege na jina la nchi. Ni wangapi walibishana kuhusu Eliza? Mtu alikufa akiwa kazini kwake na mjadala ukawa sifa ya nchi.

#14 Ng'wanza_Mgeni

Sawa Austria. Mjadala wa Eliza hapo umesema kweli tupu.

#15 mama_Chamwino

Wanangu shikamooni kwa wakubwa, marahaba kwa wadogo. Mimi naona wote mnasema watengeneza filamu, watengeneza filamu, na wanawake wenyewe mnawasahau. Mshahara hautajwi kwa sababu mwenyewe hataki utajwe!

Binti katoka Kongwa au Bahi au Manyoni kaja mjini. Kule nyumbani wanajua yupo Dodoma makao makuu, anafanya kazi hoteli. Akitaja kwenye video kwamba analipwa elfu themanini, aibu imefika kijijini kabla yake. Akitaja laki mbili, wiki hiyohiyo simu zinaanza, mjomba ana ada, shangazi ana dawa, mvua haijanyesha uwele umekauka. Kwa hiyo anakaa kimya na hela yake. Akilia hakuna anayemdai machozi. Mimi nimelea wasichana wa kazi na nina mabinti wangu wamefanya hizo kazi, najua wanavyoficha.

#16 Salome_K

Mama shikamoo. Hilo sikubishii, na mimi nilikua namdanganya mama yangu mshahara wangu. Lakini daftari ningelionyesha usoni kukiwa kumefichwa.

#17 kaka_wa_dada

Kuficha uso nako kuna mambo yake. Dadangu alikua dada wa kazi kwenye nyumba moja maeneo ya Kisasa. Wakaja watu wa video ya mtandaoni, wakamhoji siku bosi wake hayupo, wakamwambia uso tutauziba na sauti tutaibadilisha. Uso waliuziba kweli. Ila nyuma yake kuna pazia na kochi la sebuleni, bosi aliangalia kwa simu akalitambua kochi lake. Dada akafukuzwa usiku, begi nje. Aliyemhoji alipopigiwa simu akasema si ulisaini fomu. Fomu ya kiingereza, dada kaishia la saba.

Wao video imepata watazamaji, sisi tumebaki na dada nyumbani. Kwa hiyo mtu akiniambia mtengeneza filamu ana uchungu na wanyonge namuuliza kwanza, wa kwako wa mwisho kumhoji yuko wapi leo?

#18 Wakili_msomaji

Pole sana @kaka_wa_dada. Kwa faida ya wengine: Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ni ya 2022 na imeanza kutumika 1 Mei 2023, ridhaa ya kuchukua taarifa za mtu inatakiwa awe ameelewa anachoridhia, na anaweza kuiondoa. Na kufukuzwa usiku na begi nje ni suala la Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004, ambayo haijawatenga madada wa kazi. Kuachishwa isivyo halali unaenda CMA (Tume ya Usuluhishi na Uamuzi) ndani ya siku 30, madai mengine siku 60. Watu wengi wanachelewa wakisubiri bosi apoe.

#19 Kijana wa Nkuhungu

Kwani dada wa kazi sheria inasema alipwe sh ngapi? Mbona kila mtu analipa anavyojua

#20 Wakili_msomaji

Amri ya mshahara ya 2013 ilikua 40,000 kwa mwezi kwa anayeishi nyumbani kwa mwajiri wa kawaida. Ya 2022 iliyoanza Januari 2023 ikaweka 60,000, na anayetokea kwake 120,000. Baa, migahawa na gesti ikawa 150,000 kutoka 130,000. Masaa ni 45 kwa wiki, likizo siku 28 kwa mwaka, kazi ya usiku kuanzia saa 2 usiku ina nyongeza ya asilimia 5. Uliza mhudumu yeyote hapo mjini kama ashawahi kuiona hiyo asilimia 5.

#21 Mpenda_habari

Hizo zimepitwa mkuu, kuanzia Januari 2026 kima cha chini sekta binafsi ni 358,322. Wahudumu wote wanatakiwa walipwe hiyo, mwenye_kaunta jiandae!

#22 mwenye_kaunta

Laki tatu na nusu kwa mhudumu?? Basi nafunga naenda kulima zabibu Hombolo.

#23 Wakili_msomaji

@Mpenda_habari hapana. Nyongeza ipo, kutoka 275,060 kwenda 358,322, lakini hiyo ni namba ya wastani wa sekta zote kwa pamoja. Kila sekta ina kima chake, na za majumbani na baa huwa ziko chini kabisa kwenye jedwali. Watu wanachanganya pia na ile 500,000 iliyotangazwa Mei Mosi 2025 pale Singida, hiyo ni ya watumishi wa umma.

Na hapa ndo naona dokumentari ingesaidia kuliko sisi mawakili. Jedwali la amri ya mshahara likiwekwa pembeni ya lile daftari la Salome post #4, hapo kuna filamu.

#24 Treni_ya_umeme

Nikiwa kwenye SGR juzi nimeona wadada wanaosafisha mabehewa tukifika stesheni, wanaingia abiria bado tunashuka, wanapita na mifuko ya taka na hakuna anayewaangalia usoni. Nilitamani kujua wanalipwaje. Ila treni imetusaidia sana, zamani Dar Dodoma ilikua ni kuamka na nyuma kunauma kwenye basi.

#25 Mzee wa Sabasaba

Umeanza vizuri umeishia kwenye nyuma yako 😂

#26 mfagio_na_ndoo

Niko hapa nasoma tangu jana sikutaka kuandika. Mi ndo nasafisha ofisi, kampuni ya usafi yenye tenda ndo inanilipa sio ofisi. Tunaingia saa kumi na moja asubuhi, daladala hakuna saa hizo tunachanga bodaboda wawili wawili watatu. Mchunguzi alichosema post #9 cha kandarasi ni hichohicho, tenda ikiisha inakuja kampuni nyingine, sisi ni walewale, ndoo zilezile, ila tunaanza upya kama wageni, mshahara wa mwezi wa mwisho wa kampuni ya kwanza unapotelea hewani. Unamuuliza bosi wa ofisi anasema wewe sio wetu. Unaipigia kampuni simu haipokelewi.

Filamu ikija mimi sitaki waje kwangu kupiga jiko langu. Waje saa kumi na moja pale getini. Watuulize kila mmoja anaidai kampuni gani. Tutajibu.

#27 BintiMakole

@mfagio_na_ndoo dada yangu asante kwa kuandika, umenitoa machozi ya hasira. Kuna chama chochote mmejiunga?

#28 mfagio_na_ndoo

CHODAWU, kile chama cha wafanyakazi wa hoteli na majumbani, tumewasikia. Ila ukionekana unakusanya majina tenda ikibadilika jina lako ndo linasahaulika.

#29 Pendo_Area_D

Kwenye hili la chama angalieni ile ya 9 to 5, ile dokumentari ya kina Dolly Parton na Jane Fonda wakimfunga bosi kamba. Raha sana, hawalii hata kidogo.

#30 Mtunza_kumbukumbu

@Pendo_Area_D hiyo ya Dolly Parton na Jane Fonda ni filamu ya kuchekesha ya 1980, sio dokumentari. Dokumentari ni 9to5: The Story of a Movement ya 2020, ya Julia Reichert na Steven Bognar, inahusu makarani na masekretari wa Boston walioanza harakati miaka ya 70, na ile ya kuchekesha ilitokana na harakati zao. Ila kwenye raha uko sahihi, kwenye dokumentari pia wale wanawake wanacheka sana wakikumbuka, wazee sasa, wanasimulia walivyopanga mambo. Tofauti yao na za kwetu ni kwamba wanahojiwa kama watu waliofanya jambo.

#31 Pendo_Area_D

Mradi bosi kafungwa kamba mi nimeridhika 😂

#32 mama_Chamwino

Boston wana hela za kukaa chini kuandika. Huku mtu akipanga jambo leo kesho hana pa kulala, maana dada wa kazi nyumba ya bosi ndo kitanda chake.

#33 Mchunguzi_UDOM

Mama hoja nzito hiyo, ila post #15 ulisema mshahara hautajwi kwa aibu. Kuna ya HBO, tv ya Marekani, ya 2014, Paycheck to Paycheck, inamfuata mama wa watoto watatu huko Tennessee, Katrina Gilbert, anahudumia wazee kwenye nyumba ya wazee. Analipwa dola 9.49 kwa saa na hiyo namba imo kwenye filamu wazi. Unamuona dukani anachagua alipe dawa ipi aache ipi. Namba ikishajulikana hata machozi yake yanakua na maana nyingine, unajua analia kwa sababu ya kiasi gani.

#34 mama_Chamwino

Huyo ndugu zake wana simu ya kumuomba ada? Mmarekani hatumiwi ujumbe saa nne usiku na ukoo mzima. Msilinganishe.

#35 kaka_wa_dada

Mi nadhani wote mnazunguka. Wanaotengeneza na wanaoangalia ni watu wenye dada wa kazi nyumbani. Wewe unaangalia dokumentari ya dada wa kazi saa tatu usiku, na sahani uliyokulia anaiosha nani? Filamu ikitaja mshahara na masaa itabidi ujiangalie wewe. Ikitaja machozi unamtumia mtu elfu kumi unalala. Ndo sababu.

#36 fundi_kamera_dom

Hiyo ni kweli nusu. Mimi nimekuzwa na dada wa kazi anatoka Iramba, na nikikaa mezani kuhariri namkumbuka yeye, namtetea kila kipande. Ila mfadhili anarudisha video anasema ongeza hisia. Kwa hiyo sio wote tuna roho ya sebuleni, mwenye hela ndo ana neno la mwisho.

#37 kaka_wa_dada

Mwenye hela naye ana dada wa kazi.

#38 mwenye_kaunta

Hahaha hapo kakubana fundi.

Ila niseme hili. Nimeisoma ya #26 mara mbili. Fundi, ukija na yule dada wa Makole bila hao wa mashirika, mimi baa yangu nitawafungulia, pamoja na daftari. Na la mauzo pia mtaliona, yote mawili au basi.

#39 Salome_K

Shem ukifungua daftari nitakuja mwenyewe kusoma kwa sauti. Ila wahudumu wako waulizwe kwanza bila wewe kuwepo, na kila mtu aione video kabla haijatoka, anayesema mnitoe atolewe. La sivyo tunarudi kwenye kochi la Kisasa.

#40 fundi_kamera_dom

Masharti yote nayakubali ila hilo la kila mtu kuwa na haki ya kujitoa mwishoni linaua filamu, watu kumi wakijitoa nabaki na meza. Wajitoe kabla ya kuhariri, baadae hapana.

#41 mfagio_na_ndoo

Hapana fundi. Kabla ya kuhariri mtu hajui umemuwekaje.

#42 BintiMakole

Naungana na #41. Fundi jibu hilo kwanza ndo tupange siku.